Kumbukumbu ya mradi: deraya, sifuri na Liyongo asiyeingiwa na chuma

Kaskazi ikielekea ukingoni

Gemu bado haina jina. Kwenye laptopu folda yake inaitwa "liyongo_mpya_kabisa", kwa jina la Fumo Liyongo, shujaa wa tenzi za pwani yetu, na kwa ninavyojijua jina hilo litakaa. Kwa aliyeingia leo: ni gemu ya kuigiza wahusika, ya ulimwengu wa kubuni wenye sura ya kwetu. Mchezaji anazunguka Pate, Siu na Faza, miji ya visiwani Lamu, mpaka bara kule Ozi, anapokea kazi, anapigana, anapata silaha bora, anapanda daraja. Naijenga kwa injini ya Godot, yaani programu ya kuundia gemu, kwa kuwa ni ya bure, msimbo wake uko wazi kwa kila mtu, na laptopu yangu kuukuu inaibeba bila kulalama.

Ramani na nyumba za mawe zimesimama. Milango ya nakshi bado inanitoa jasho, lakini hiyo ni habari ya siku nyengine. Sasa ni mapigano. Nayaandika kwa kirefu kwa sababu hapa ndipo wengi huchukua hesabu za gemu waliyoipenda wakazibandika kwao, bila kuuliza zile hesabu zinasema nini.

Swali langu la kwanza lilikuwa dogo: deraya, yaani vazi la kujikinga vitani, inafanya kazi gani?

Ukilifuata shina la gemu hizi unafika Marekani mwaka 1974, kwenye Dungeons & Dragons ya Gary Gygax na Dave Arneson. Ule ni mchezo wa mezani, uliotokana na michezo ya kupanga vita kwa vinyago, kwa hiyo hesabu ilibidi iwe fupi, mtu aifanye huku wenzake wakimsubiri. Unarusha dadu ya pande 20, unaongeza ubora wako, unalinganisha na deraya ya adui. Ukiifikia, umempiga, usipoifikia, umekosa. Deraya pale haipunguzi maumivu hata chembe. Inachofanya ni kuzuia usiguswe. Miaka 12 baadaye, Japani, Dragon Quest ya 1986 ikaja na wazo jengine: chukua nusu ya nguvu ya mpigaji, toa robo ya kinga ya mpigwaji. Hapa unaguswa, ila ngao inakula sehemu ya pigo. Mambo mawili tofauti kabisa, na karibu kila gemu ya upanga na uchawi unayoijua imechagua moja au imeyachanganya.

Mimi nilitaka la pili. Mtu akivaa deraya aione ikifanya kazi kila anapopigwa, si kwa bahati ya dadu.

Nikaweka fomula mbili karatasini. Ya kwanza ni ya kutoa: nguvu toa kinga. Upanga wa 20 ukikutana na ngao ya 10, uhai unapungua 10. Mtoto wa darasa la tatu anaipata. Lakini itazame inapofika ukingoni. Upanga huohuo wa 20 ukikutana na kinga ya 18 unatoa 2. Mchezaji akaenda kwa mhunzi, akatia makali kidogo, upanga ukawa 22: sasa unatoa 4. Ameongeza sehemu moja ya kumi ya nguvu, maumivu yamekuwa maradufu. Na upanga wa 20 dhidi ya kinga ya 20? Sifuri. Unapiga mpaka asubuhi.

Ya pili ni ya kugawa: nguvu mara nguvu, kisha gawanya kwa jumla ya nguvu na kinga. 20 dhidi ya 18 inatoa kama 10 na nusu, 22 dhidi ya 18 inatoa 12 na kidogo. Hakuna mruko na hakuna sifuri. Ukisoma waundaji wanavyoshauriana, wengi watakuelekeza huku, na wana hoja: fomula hii inakusitiri. Hata namba zako zikiwa za ovyo, gemu haivunjiki.

Nikaweka zote mbili kwenye simu, nikampa mpwa wangu na wenzake barazani, bila kuwaambia ipi ni ipi. Kwenye ile ya kugawa walipiga tu. Nikiwauliza ngao mpya imewasaidia nini, wananiangalia. "Inapendeza, mjomba." Kwenye ile ya kutoa, mmoja alisimama mbele ya mlinzi wa ngome, akasoma namba, akarudi nyuma. "Huyu ana 14, mimi nina 15. Nitamtoa moja moja mpaka magharibi. Natafuta mkuki." Akaondoka kwenda kutafuta mkuki.

Basi. Nimechukua kutoa. Namba zote nitaziweka ndogo, hakuna silaha itakayovuka 40, na kinga ya adui itaonekana kichwani mwake. Mtu akishindwa, awe anajua kwa nini.

Masika

Mvua, umeme unakuja na kwenda, betri ya laptopu imekuwa ya kuombea dua. Nimefanya machache.

Gemu nyingi zinazotumia kutoa huwa na sheria ndogo pembeni: pigo lisiteremke chini ya 1. Hivyo hata adui mwenye ngozi ya mawe utammaliza ukiwa na subira. Nimekataa sheria hiyo, na sababu ni Liyongo.

Mwalimu mmoja wa madrasa, ambaye tenzi anazo kichwani, aliwasikia vijana wakilitaja jina hilo huku wakibonyeza simu. Akaniita. "Na Liyongo mumempa nafasi gani humo? Usinambie ndiye wa kuuawa kwa vidole."

"La, mwalimu. Mchezaji ndiye Liyongo, kwa sura moja ya gemu."

Alinitazama kidogo, akasema, "Hapo sawa." Kisha akanisimulia kisa chote upya, nami nikiandika nyuma ya risiti.

Kila aliyelelewa huku anakijua. Fumo Liyongo chuma hakimwingii. Hafi ila kwa sindano ya shaba kitovuni, na siri hiyo aliijua yeye na wachache mno. Sasa, kwa lugha ya gemu, huyo ni mtu ambaye kinga yake dhidi ya chuma inazidi kila silaha iliyomo duniani, na dhidi ya shaba ni tupu. Kwa fomula ya kugawa huwezi kumtengeneza; daima patavuja kitu. Kwa fomula ya kutoa anatoka mzima mzima: mikuki inamjia, namba inayoruka juu ya kichwa ni 0, 0, 0. Sifuri ambayo wengine wanaikimbia ndiyo iliyobeba kisa.

Tatizo ni kwamba mchezaji asiyeumia huchoka haraka. Kwa hiyo sura ile haichezwi kwa uhai. Inachezwa kwa nani anajua nini. Chukua siku ya makoma, matunda ya mti wa mkoma. Watu wanakula kikoa, kila mmoja na zamu yake ya kupanda mkoma kuangua, na njama ni kwamba zamu ya Liyongo ikifika apigwe mishale akiwa juu. Mwenyewe hakupanda, alichukua uta akayaangua makoma kwa mishale kutoka chini. Kwenye gemu, ukimpandisha mtini hufi, maana chuma hakikuingii. Ila maadui walio chini wanaiona ile sifuri kwa macho yao. Kuanzia hapo wanaacha kutumia mishale na wanaanza kuulizia siri, na mtoto wako, ambaye ndiye atakayekuchoma, anafikiwa mapema zaidi. Ukiangua kwa uta, hawajajifunza lolote.

Mpwa wangu alikwama hapo. "Kama chuma hakimwingii, kwa nini walitaka kumpiga mishale?" Kwa sababu hawakuwa wakijua, na kuanzia swali hilo kila adui kwenye gemu amepata daftari lake dogo ndani ya msimbo: ameona nini, ameambiwa nini. Hapati kusoma namba za mchezaji moja kwa moja. Gemu nyingi humpa adui kila kitu kisha humfanya ajifanye hajui. Wangu hajui kweli.

Kusi

Bahari imechafuka, vijana wa mashua wengi wako bure, kwa hiyo wajaribuji ninao wa kutosha na maoni yamezidi mahitaji.

Ombi kubwa ni bahati. Wanataka pigo la ghafla, la kuua, na wanataka adui akose mara mojamoja. Nimewaelewa, maana dadu ina raha yake. Lakini bahati kwenye gemu haiaminiki hata inapokuwa ya haki. Mwambie mtu ana asilimia 75 za kupata. Akikosa mara mbili mfululizo atakwambia gemu inamwibia, ingawa jambo hilo hutokea kama mara moja kwa kila 16. Waundaji wa Fire Emblem, gemu ya Kijapani ya kupanga vita, wanalijua hilo. Kuanzia toleo la 2002 la Game Boy Advance, kifaa cha gemu cha mkononi, gemu yao ilichukua namba mbili za nasibu na kutumia wastani wake, na hivyo 75 iliyoandikwa kwenye kioo ikawa karibu 88 kwa ukweli, na 25 ikashuka hadi kama 13. Mchezaji akaona ni sawa kabisa. Ni ufundi mzuri, siubezi. Ila mimi nimeshaahidi kwamba namba iliyo kichwani mwa adui ni ya kweli, na siwezi kuwa na namba ya kweli hapa na ya kufariji pale.

Badala ya dadu nimeweka kirumbizi.

Asiyekijua: wawili huingia uwanjani na fimbo, ngoma na zumari zikilia, mmoja anashambulia na mwenzake anakinga, na waliosimama pembeni wanajua nani kazidiwa kabla fimbo haijagusa. Nilikaa na mchezaji mmoja mzoefu nikamuuliza anatazama wapi. "Fimbo sitazami. Natazama bega." Nimelichora hilo. Kila adui bega lake linainuka kwa sekunde 0.4 kabla ya pigo. Jicho na kidole cha mtu wa kawaida vinahitaji kama robo ya sekunde kuitikia, kwa hiyo muda upo, ila si wa kupoteza. Ukikinga ndani ya dirisha la fremu 8 (fremu ni picha moja ya kwenye kioo), kwa mwendo wa fremu 60 kwa sekunde, pigo lote linapotea na adui anayumba. Ukiwahi au ukichelewa, ngao inafanya kutoa kwake kwa kawaida. Na kukinga kunakula pumzi, ili mtu asishikilie kitufe kama anayesubiri lifti.

Picha inaganda kidogo sana pale fimbo inapokutana na fimbo, fremu 5 tu. Bila mgando huo mapigo yalikuwa kama ya mito ya usufi. Sijui kitu kidogo kuliko hicho kilichobadilisha gemu kiasi hicho.

Mambo mawili ya kiufundi kwa anayejenga cha kwake. Simu za bei ya chini zinaangusha picha hadi 30 kwa sekunde palipo na watu wengi, kwa hiyo hesabu ya dirisha isifungwe kwenye picha. Godot ina mzunguko wa fizikia ambao, usipoubadilisha, huenda mara 60 kwa sekunde na hujifidia picha zikilegea. Weka hesabu humo. La pili: kijana mmoja, hodari wa kirumbizi chenyewe, alikuwa akichelewa kila pigo. Alikuwa amevaa visikizi vya Bluetooth, na sauti ya ngoma ilimfikia baada ya bega kushuka. Sasa gemu inaanza kwa kumwomba mchezaji agonge kioo kufuata ngoma, inapima pengo, inalirekebisha. Ngoma peke yake haiamui kitu. Bega ndilo linalotawala.

Sasa hivi

Nimo kisimani.

Liyongo amechomwa na mwanawe usingizini. Akainuka, akatwaa uta na mishale, akapiga goti karibu na kisima, akafa hali ya kuuvuta. Na mji ukakosa maji, kwa sababu hakuna aliyethubutu kusogea. Waliokuja waliona uta umevutwa.

Kwa msimbo wa kawaida tukio hili haliwezekani. Uhai ukifika 0 mwili unaanguka, adui wanamsahau, muziki wa ushindi. Lakini maadui wangu hawasomi uhai. Wanasoma mkao: amesimama, amelala, amepiga goti, uta umevutwa au haukuvutwa. Sikuhitaji kuandika tukio maalumu. Nilizuia tu mwili usianguke, na askari wanne waliotumwa kuteka maji wakasimama umbali wa mshale, wakarudi nyuma, wakasogea, wakarudi. Kila mmoja ana kipimo cha woga kutoka 0 hadi 10, kinachopanda akiuona uta na kushuka polepole sana kadiri mshale usivyotoka. Mwenye daftari lililojaa watu waliouawa na Liyongo, woga wake unashuka polepole zaidi. Yule aliyejiunga jana ndiye anayetangulia.

Mpwa wangu alikuwa ameshika simu. Askari alipopiga hatua, alibonyeza kitufe cha uta kwa mazoea. Hakijibu. Akabonyeza tena. "Mjomba, simu yako ina ubovu." Nimejadiliana naye kama kitufe kifichwe au kibaki, yeye anataka kifichwe, mimi nataka kibaki. Mwalimu hatujamuuliza bado, na naona tumuulize pia kuhusu mama yake Liyongo, ambaye kwenye kisa aliletwa kumbembeleza. Kwa sasa hana sauti wala michoro.

Kabla ya hapo kuna mhunzi wa Siu na bei zake. Mlinzi wa mtaa wake ana kinga ya 20. Upanga wa 21 unamtoa 1, wa 22 unamtoa 2, kwa hiyo ule wa pili unamaliza kazi kwa nusu ya mapigo, na bei lazima ilijue hilo.