Johnny Walker, konda wa Bombay aliyepewa wimbo wake

Juzi nilikua kwa mjomba Ngamiani, Tanga, umeme hakuna, tumekaa barazani na kahawa na kashata, nikamuwekea kwenye simu ule wimbo wa mkandaji wa kwenye filamu ya Kihindi ya Pyaasa, anaochezewa na mchekeshaji Johnny Walker. Mzee kimya. Akavua miwani, akaifuta na kanzu, akairudisha, alafu mkono wa kulia ukaanza kugonga goti na mdomo unafuata maneno ya Kihindi ambayo mengine wala maana yake haijui.

"Huyu konda mwenzangu," akasema.

Mjomba alikua konda wa mabasi ya Korogwe miaka mingi, na sinema za Kihindi alizijulia pale ukumbi wa Majestic akiwa kijana. Na kweli Johnny Walker alikua konda. Jina la kuzaliwa ni Badruddin Jamaluddin Kazi, mtu wa Indore huko India, baba yake mfanyakazi wa kiwandani, kiwanda kikafungwa familia ikahamia Bombay, yeye akahangaika na vibarua weee mpaka akapata kazi kwenye mabasi ya mji. Humo ndani ndo likawa jukwaa lake, anakata tiketi huku anachekesha abiria, mpaka siku Balraj Sahni akamuona. Sahni ni mwigizaji lakini wakati ule alikua anaandika filamu ya Baazi, akamwambia nenda ofisini kwa Guru Dutt, mwongozaji wa filamu hiyo, ujifanye mlevi. Jamaa akaingia anayumba, akasumbua ofisi nzima, Guru Dutt akaamini kalewa kweli! Akapata kazi, akapata na jina la wiski, na mwenyewe pombe hagusi. Baazi ikatoka 1951.

Mi hapo ndo ninaponasa. Muangalie akicheza mlevi, hapigi makelele, macho yanachelewa kidogo, shingo inatangulia, mguu unapima ardhi kabla ya kukanyaga. Yule alikua amewatazama walevi vizuri, na nahisi kwenye basi aliwabeba wengi.

Sasa turudi kwenye Pyaasa ya 1957. Stelingi ni mshairi ambae hakuna anaemtaka, filamu ni majonzi toka mwanzo, kifua kinabana kabisa, alafu anatokea huyu mkandaji na mafuta yake anaita watu, kichwa kikikuzunguka njoo kwangu, tajiri njoo, masikini njoo. Dakika chache tu. Ila bila zile dakika nadhani watu wasingeweza kuyabeba yale mengine. Johnny anafuatisha mdomo tu, sauti ni ya mwimbaji Mohammed Rafi, lakini sio Rafi yule wa kumlilia mpenzi, hapa kashuka mtaani kabisa ili aenee kwenye mdomo wa Johnny. Mwaka mmoja nyuma kwenye filamu ya C.I.D. walishampa wimbo mwingine, ule wa kwamba Bombay maisha magumu, na ndo unaoimbwa mpaka leo.

Ndo maana linaniuma neno "msaidizi" wanalobandikwa wachekeshaji kama yeye. Kwenye filamu zetu za Bongo mchekeshaji anawekwa getini awe mlinzi, anaanguka, basi, hapewi hata sekunde tano za kuwa mtu kamili mwenye shida zake, na sisi watu wa Tanga tuliomzika King Majuto 2018 tunajua mchekeshaji anaweza kubeba nini.

Johnny kwa Madhumati ya 1958 alichukua tuzo ya Filmfare, tuzo za filamu za India, ya mwigizaji msaidizi. Akacheza filamu kama 300 hivi, akafariki 2003.

Nikamuuliza mjomba, ukiwa kwenye basi ulikua unamuiga? Akacheka. Akasimama, pale pale barazani na miaka yake yote, akashika bomba la juu ambalo halipo, akainama kumpisha abiria ambae hayupo, na shingo ikatangulia vile vile.

"Korogwe, Korogwe, mama ingia taratibu, kuku mpe huyo kijana akushikie."

Watoto wa jirani wakaja kukaa kwenye ngazi.