Tambi baridi za pilipili: kumbukumbu ya mradi wangu wa miezi ya joto, Lubumbashi

Mwisho wa Agosti

Mwaka huu nimeamua kuitumia miezi ya joto kujifunza chakula kimoja hadi nikimudu: tambi baridi za pilipili za mtindo wa Asia, hasa zile za mkoa wa Sichuan nchini China, ambazo hupoozwa kabisa kabla ya kuchanganywa na mchuzi wa soya, siki, sukari, kitunguu saumu, rojo la ufuta na mafuta mekundu ya pilipili. Hapa Lubumbashi, kusini-mashariki mwa Kongo, joto hupanda kuanzia Septemba na kufikia kilele mwezi wa Oktoba, kabla mvua hazijakolea, na katika majuma hayo hamu ya kula hupotea mchana hata mbele ya bukari, yaani ugali, nzuri. Chakula kilichopoa, chenye uchachu na ukali, kinazifaa sana saa hizo.

Vitu vingi vinapatikana mjini. Biashara ya shaba na kobalti imeleta Wachina wengi katika eneo letu la Katanga, na pamoja nao yamekuja maduka yanayouza mchuzi wa soya, siki nyeusi ya mchele, tambi kavu za ngano, na hata pilipili ya Sichuan inayotia ganzi mdomoni, ambayo ni ganda la tunda dogo la mti wa ukoo mmoja na michungwa na milimau. Karanga, pilipili, matango, vitunguu vya majani na kuku nimevipata Soko la Kenya, lililo katika mtaa wa mji wetu uitwao Kenya. Kilichobaki, ambacho hakuna duka linalokiuza, ni ubaridi, na naona kazi kubwa ya mradi itakuwa hapo.

Septemba, majuma ya kwanza

Nimeanza na mafuta kwa sababu yanahitaji muda wa kukaa. Ukali wa pilipili hutokana na kapsaisini, ambayo huyeyuka vizuri katika mafuta na kwa shida sana katika maji, na ndiyo maana pilipili iliyotiwa moja kwa moja kwenye mchuzi wa maji maji humchoma mlaji hapa na pale, ilhali iliyopitia mafuta huenea sawasawa katika kila uzi wa tambi. Wapishi wa Sichuan hutumia pilipili ndefu, nyekundu sana, zenye harufu kubwa na ukali wa wastani, kwa hiyo wanaweza kutia nyingi na wakapata rangi nzito bila kumtesa mtu. Pilipili zetu ndogo haziruhusu jambo hilo: kiasi kinachotosha kwa rangi kingefanya chakula kisilike.

Njia niliyoichagua ni kuchanganya. Nimenunua pilipili hoho nyekundu zilizoiva vizuri, nikazitoa mbegu, nikazikata nyembamba na kuzianika kwenye sinia lililofunikwa chandarua, na hewa kavu ya Septemba imezikausha hadi zikawa zinavunjika kwa vidole. Kwa kila sehemu tatu za hizo natia sehemu moja ya pilipili kali kavu, nazipitisha kidogo kwenye kikaango kikavu, kisha nazitwanga kwenye kinu bila kuzifanya unga mlaini. Gramu 40 za mchanganyiko huo zinatosha robo lita ya mafuta.

Kuhusu mafuta yenyewe, nililinganisha mafuta ya soya na mafuta ya mawese, kwa kuwa ingekuwa fahari kupata rangi nyekundu kutoka kwa kitu chetu. Mawese yana ladha ninayoipenda katika sombe (majani ya muhogo) na maharage, lakini yakipoa huganda nusu, hushikamana na kaakaa, na kufunika harufu ya kitunguu saumu na siki. Chakula baridi kinataka mafuta yanayobaki majimaji, kwa hiyo nimebaki na ya soya.

Namna ya kumimina ina umuhimu mkubwa kuliko nilivyotarajia niliposoma maelezo mafupi ya mapishi haya. Mafuta hupashwa pamoja na kipande cha tangawizi, shina la kitunguu cha majani na punje chache za pilipili ya Sichuan. Vikianza kuwa rangi ya dhahabu huondolewa, sufuria huepuliwa kutoka kwenye mbabula, yaani jiko la makaa, na chembe moja ya pilipili hudondoshwa ndani. Ikiungua na kuwa nyeusi mara moja, mafuta ni ya moto mno. Ikitulia bila povu, yamepoa kupita kiasi. Ikichemka taratibu na kubaki nyekundu, ndiyo saa ya kumimina. Namimina kwa mafungu matatu nikikoroga kati ya fungu na fungu, kwa sababu fungu la kwanza lililo moto zaidi hutoa harufu, na yanayofuata, ambayo yamepoa kidogo, huvuta rangi bila kuunguza. Mafuta hayo hufunikwa hadi kesho yake, na wekundu wake huwa umekolea sana kufikia wakati huo. Kitunguu saumu sikitii humo kamwe, kwa kuwa kitunguu saumu kibichi kilichozamishwa katika mafuta na kuachwa nje ya friji kinaweza kuotesha vijidudu vyenye sumu hatari. Hutwangwa siku ya kula na kutiwa kwenye mchuzi.

Septemba, katikati

Tambi. Zile za Sichuan hutengenezwa kwa unga wa ngano na maji yenye magadi, na magadi hayo huzipa rangi ya manjano na mvutano unaozifanya zikatae kukatika ovyo. Kifurushi cha dukani kwa Wachina kina sifa hiyo, lakini bei yake si ya kila juma. Spageti nyembamba ya kawaida inakaribia sana ikichemshwa katika maji yaliyotiwa kijiko kimoja cha chai cha bikaboneti ya soda kwa kila lita, mradi sufuria liwe kubwa, maana povu hupanda haraka na kuuzima moto wa makala (makaa).

Mji wetu uko kwenye mwinuko wa mita 1,200 hivi, na maji hapa huchemka yakiwa na joto la nyuzi 96 hivi badala ya 100, hivyo dakika zilizoandikwa kwenye pakiti hazitoshi kabisa. Isitoshe, wanga ulioiva hukaza unapopoa, na tambi iliyo nzuri ikiwa ya moto huwa ngumu kidogo ikishapoa. Kwa sababu hizo mbili nazichemsha hadi kiini cheupe kimetoweka, kisha naongeza muda mfupi, nikionja mara kwa mara.

Oktoba, mwanzoni

Sasa ubaridi. Yaya yangu, yaani ndugu yangu mkubwa, ambaye ndiye mwenye jiko kabla yangu, alikuwa na neno tangu siku ya kwanza.

“Chakula kilichopoa hurudishwa motoni kabla ya kuliwa,” aliniambia. “Wewe unakipoza kwa makusudi, tena kwa maji ya wapi?”

“Yaya, hilo ndilo swali langu pia,” nilimjibu, na nilimaanisha hivyo, kwa kuwa alikuwa ameligusa jambo lenyewe. Tambi inayoliwa moto husafishwa na moto hadi mwisho, lakini tambi baridi hukutana na maji, vyombo na mikono baada ya kutoka jikoni, na hakuna moto wa pili utakaosahihisha.

Kuna njia mbili kubwa. Ya kwanza ndiyo ya Wakorea katika tambi zao nyembamba za pilipili: tambi zikishaiva huoshwa kwa maji baridi, zikifikichwa kwa mikono kama anayefua nguo, na maji hubadilishwa hadi yatoke safi, ili wanga wa juu uondoke na tambi zibaki laini na zenye kuteleza. Matokeo yake ni mazuri sana, nami nayapenda. Lakini kwa gramu 400 za tambi nahitaji lita kadhaa za maji yaliyochemshwa siku iliyotangulia, na maji ya bomba hayaji kila siku, wala makala hayana bei ndogo. Mtungi wa udongo umenisaidia mno: maji yaliyochemshwa na kufunikwa humo hupoa vizuri kwa sababu unyevu hupenya ukuta wa mtungi na kukauka kwa nje ukichukua joto, na hewa kavu ya mwezi huu huharakisha jambo hilo, umeme uwepo au usiwepo.

Njia ya pili ndiyo ya Sichuan, na haitumii maji hata kidogo. Tambi hutolewa zikiwa zinatoa mvuke, huchujwa vizuri, humwagwa kwenye sinia pana pamoja na vijiko viwili vya mafuta, kisha huinuliwa juu na kuachiwa kwa vijiti huku mtu mwingine akipepea kwa nguvu. Mvuke unapoondoka huondoka na joto, mafuta huzuia nyuzi zisishikane, na baada ya dakika chache sinia zima limepoa. Kwa kuwa zimekauka juu, hushika mchuzi vizuri, ilhali zilizooshwa hubeba maji yanayopunguza ladha. Nimenunua kipepeo kipya cha ukindu kwa ajili ya kazi hii tu, mbali na kile cha mbabula chenye vumbi la makala, na watoto wa jirani hushindana kukishika. Bikaboneti huwa napunguza hadi nusu kijiko ninapotumia njia hii, kwa sababu hakuna maji ya kuondoa ladha yake ya sabuni.

Kwa nyumba kama zetu nashauri njia ya upepo bila kusita. Yaya naye, alipoona kwamba hakuna maji yaliyogusa tambi baada ya moto, alivuta kiti na kuketi mezani.

Oktoba, majuma ya mwisho

Mchuzi umetulia. Kwa gramu 400 za tambi, zinazowatosha watu wanne, natwanga punje nne za kitunguu saumu, nachukua vijiko vitatu vya karanga zilizokaangwa na kusagwa laini badala ya ufuta, na kuzilegeza kwa maji yaliyochemshwa na kupoa. Maji hutiwa kidogo kidogo. Mwanzoni rojo hukaza na kuonekana limeharibika, lakini likiendelea kukorogwa hulegea na kung'aa. Kisha hufuata vijiko vinne vya mchuzi wa soya, viwili vya siki, kimoja na nusu cha sukari, na vitatu vya mafuta mekundu pamoja na mashapo yake. Sukari isiachwe, kwa kuwa ndiyo inayounganisha uchachu na ukali. Karanga hazinipi wasiwasi wowote wa kupotoka: karanga na pilipili zote mbili ni mazao ya Amerika, na pilipili ilifika Asia katika karne ya 16 kupitia biashara ya Wareno, kwa hiyo hata Sichuan ilizipokea kama wageni.

Juu huwekwa tango lililomenywa, kukatwa nyembamba, kutiwa chumvi na kukamuliwa. Kuku wa kuchemsha aliyechambuliwa. Vitunguu vya majani. Na karanga zilizopondwa. Siku moja niliweka vinkubala, yaani viwavi wanaoliwa, vilivyokaangwa hadi vikawa vikavu, na mlio wao mdomoni pamoja na ladha yao ya moshi vilikubaliana na siki kwa namna ambayo kuku hawezi kuifikia. Nitaendelea navyo.

Chakula huchanganywa wakati wa kula, na kilichochanganywa kiishe ndani ya saa moja au mbili. Viini vya baadhi ya bakteria huvumilia kuchemshwa na huamka katika joto la Oktoba, na kwenye friji tambi hukaza usiku kucha zikapoteza mvutano wake. Mafuta na rojo la karanga ndivyo vinavyotunzwa, kila kimoja katika chupa yake.

Kazi inayofuata ni ufuta. Nimeagiza kilo moja ambayo haijakobolewa, niikaange na kuisaga mwenyewe, kisha niiweke mezani pembeni ya karanga kabla Novemba haijaisha, nione ni rojo lipi linalobeba siki nyeusi vizuri zaidi.