Sauti nne, mimi nasikia moja

Jamani leo nimelia mazoezini. Miaka yote kwaya ikianza huku Uyole wenzangu wanasema wanasikia sauti ya kwanza inapaa, ya pili inaifuata, besi zimekaa chini kama msingi wa nyumba, mimi nasikia kelele moja tu ya watu wengi, na mpiga kinanda akikosea wote wanakunja uso mimi nipo tu, sijui kimetokea nini. Leo mwalimu mpya kanisimamisha peke yangu, kabonyeza noti mbili, ipi iko juu? Nikasema ziko sawa. Watu wakacheka.

Masikio yangu mazima, nimepimwa. Hii hali ipo, inaitwa amusia, wengine tunazaliwa nayo, sikio linasikia ila ubongo hautofautishi noti zilizokaribiana. Mwaka 2012 watafiti, akiwemo Isabelle Peretz wa Montreal, walionyesha kwamba wenye amusia noti zinazopatana na zinazogombana kwao ni zilezile tu. Nilivyosoma hapo nikajiona kabisa.

Nikatoka nje, ukungu umeshashuka, mama mmoja wa sauti ya pili kanifuata kanifunika kitenge chake, "mwanangu, mapigo unayashika kuliko sisi wote, kesho shika kayamba." Kesho naenda.