Saladi ya Tonge Moja kwa Sendofu ya Julai

Katika kamati ya sendofu ya binti wa kaka yangu, hapa Mbeya, hoja yangu ya kuwapokea wageni kwa saladi ilichekwa kabla sijaimaliza. Mjumbe mmoja, ambaye ni fundi wa sambusa na ana kila sababu ya kujivunia sambusa zake, alisema kuwa saladi ni chakula cha sahani na uma, na kwamba mgeni aliyevaa gauni la kukodi hawezi kusimama mlangoni akiwa na soda mkono mmoja na kachumbari mkono wa pili. Maneno yake yaliniudhi, lakini niliyageuza kuwa kipimo cha kazi yangu: kila kipande kishikike kwa vidole viwili, kiingie mdomoni kwa mara moja, na kisidondoshe hata tone la maji kwenye nguo. Mengine yote, kama majani ya kupambia na sinia za kung'aa, niliyaona kuwa ni nakshi tu.

Ushauri wa kwanza ulitoka kwa wifi yangu anayeishi Dar es Salaam, ambaye hujifunza mapishi kwa video na huamini kuwa kilichofanikiwa kwenye simu yake kitafanikiwa popote. Aliniagiza nichukue silesi za mkate, nizikate kingo, nizibonyeze kwa chupa mpaka ziwe nyembamba, nizipake siagi, kisha nizisukumie kwenye vikopo vya keki ndogo na kuzioka mpaka ziwe vikombe vikavu. Asubuhi nivijaze saladi ya nyanya, tango na karoti iliyochanganywa na mayonezi, na jioni wageni wale. Nilifanya majaribio nyumbani wiki kadhaa kabla ya sherehe, na vikombe vile vilipotoka kwenye oveni vilipendeza kiasi cha kunifanya nimwite jirani aje avione.

Nilivijaza saa nne asubuhi, kama nilivyoelekezwa. Ilipofika saa sita kingo zilikuwa bado zimesimama, ila chini ya kila kikombe palikuwa na duara la unyevu. Saa nane vilianza kuinama kimoja kimoja, na saa kumi mume wangu alirudi, akanyanyua kimoja kwa adabu zote za mgeni rasmi, kitako kikabaki kwenye sinia, saladi ikamwangukia kiatuni, naye akabaki ameshika pete ya mkate. Watoto walimalizia vilivyobaki kwa vijiko wakiviita uji. Nilipompigia wifi simu, alijibu bila kusita kuwa dawa ni kuongeza mayonezi. Niliongeza, kwa kuwa wifi hupewa nafasi ya pili, nikapata uji mzito zaidi.

Sababu haihitaji chuo kikuu. Chumvi huvuta maji kutoka ndani ya mboga, na nyanya na tango karibu zote ni maji. Kwa hiyo saladi iliyotiwa chumvi asubuhi itakuwa inaelea kabla ya adhuhuri, na mkate mkavu ulio chini yake utayanywa maji hayo yote. Siagi huchelewesha tu. Anayetaka vikombe vya mkate avijaze mgeni akiwa ameshafika mlangoni, na mimi sikuwa na mikono ya kutosha kufanya hivyo kwa wageni mia na ushei.

Ndipo nilipoamua kuachana na chombo cha unga kabisa na kulifanya tango lenyewe kuwa kikombe. Nilichagua matango membamba na magumu, kwa sababu manene huwa na mbegu kubwa na katikati yake ni maji matupu. Nililimenya kila moja kwa mistari, ukanda mmoja wa ganda ukitoka na mwingine ukibaki, nikalikata vipande vyenye kimo cha sentimita tatu hivi, na katika kila kipande nikachimba shimo kwa kijiko kidogo cha chai huku nikiacha kitako. Kitako hicho ndicho roho ya kazi. Msichana mmoja aliyenisaidia alikuwa na mkono mzito, na vipande alivyovitoboa tulivila wenyewe. Tango la sentimita 20 hutoa vipande vitano au sita, ukiondoa ncha zake, ambazo huwa na uchungu mara nyingine na ni vyema kuzionja kabla.

Sasa nije kwenye ujanja ambao nimeombwa kuueleza mara nyingi kuliko kitu kingine chochote. Maji ambayo chumvi ingeyatoa sinia ikiwa mbele ya wageni, mimi niliyatoa mapema kwa makusudi. Nilinyunyiza chumvi kidogo ndani ya kila kikombe cha tango, nikavipindua vyote kifudifudi juu ya kitambaa safi cha pamba, nikaviacha kama dakika 20. Nilipovinyanyua, kitambaa kilikuwa kimelowa kweli kweli, na vikombe vilikuwa vimekaza, havina machozi tena. Nilivifuta ndani kwa ncha ya kitambaa kingine, nikavipanga. Anayeruka hatua hii kwa sababu ya haraka asinilaumu. Nyanya nazo zilipata adhabu yake: nilizikata robo, nikaondoa mbegu na ute wote, nikabaki na nyama ya nje peke yake, ambayo niliikata vipande vidogo kama punje za mahindi.

Nyanya zenyewe, haki itendeke, zililetwa na yule yule wifi. Alipokuja kwa barabara na familia yake alinunua vitunguu Ruaha Mbuyuni na nyanya Ilula, ambako wauzaji huzipanga kando ya barabara kuu, na nyanya hizo zilikuwa ngumu, nyekundu na zenye nyama nene. Huo ulikuwa mchango wake wa maana, nami nilimshukuru mbele ya watu.

Ujazo ulikuwa wa parachichi na mtindi. Mtindi wa kawaida ni mwepesi mno kwa kazi hii, kwa hiyo niliumimina kwenye kitambaa cha pamba, nikakifunga fundo na kukitundika juu ya ndoo usiku kucha. Julai ya Mbeya usiku huteremka chini ya nyuzijoto 10, kwa hiyo stoo yangu ilifanya kazi ya friji bila kulipia umeme. Asubuhi nilikuta ndani ya kitambaa kitu kizito, cheupe, kinachosimama kwenye kijiko, na maji yaliyochujika nilikandia chapati. Mtindi huo uliniondolea kabisa haja ya mayonezi, ingawa wifi hajaamini mpaka leo.

Baridi hiyo hiyo iliyonisaidia kwa mtindi ilinikera kwa parachichi. Muuzaji wa soko la Mwanjelwa hukuuliza swali lile la siku zote, kama unataka la leo au la kesho, na mtu wa joto akinunua la kesho hulipata kesho. Hapa kwetu mwezi wa saba, la kesho linaweza kukaa wiki nzima likiwa gumu kama lilivyotoka mtini. Nilinunua ya Rungwe mapema, nikayafunga kwenye magazeti pamoja na ndizi zilizoiva sana, nikayaweka kwenye boksi karibu na jiko la mkaa, mbali kidogo na moto. Ndizi mbivu hutoa hewa inayoitwa ethilini, ambayo huyahimiza matunda mengine kuiva, na vuguvugu la jiko huondoa uvivu wa baridi. Nilikuwa nikiyakagua kila jioni kwa kiganja, kwa kuwa anayebonyeza kwa kidole gumba huacha doa jeusi ndani. Aina ya Hass hubadilika rangi kutoka kijani kuwa nyeusi ya zambarau, hivyo haisumbui kuisoma. Yale mengine hubaki kijani mpaka mwisho, na hayo hupimwa shingoni, karibu na kikonyo.

Hapa pia palikuwa na mshauri. Mama mmoja wa kamati aliapa kuwa ukiacha kokwa ndani ya bakuli la parachichi lililopondwa, halitageuka rangi. Nilipojaribu, sehemu iliyokuwa chini ya kokwa ilibaki kijani kizuri, na bakuli zima lililobaki likawa la kahawia. Kokwa halina dawa yoyote. Linazuia hewa mahali linapokalia, basi. Kinachofaa ni kukamulia ndimu, kwa sababu uchachu wake huchelewesha ule mgeuko wa rangi, na kuifunika nailoni ya vyakula ikiwa imelala juu ya parachichi lenyewe, bila nafasi ya hewa katikati. Nilichanganya sehemu mbili za parachichi na moja ya mtindi mzito, ndimu, chumvi na kitunguu saumu kilichotwangwa, kidogo tu, maana watu wanakwenda kusalimiana kwa kukumbatiana. Kujaza nilitumia mfuko wa kupambia keki niliouazima kwa jirani, na ndio uliofanya kila kikombe kionekane kimetoka hotelini. Juu yake niliweka nyanya, pilipili hoho nyekundu iliyokatwa kama nyuzi, na jani moja la giligilani. Jani moja, aliyeweka matatu nilimwondolea mawili.

Kwa wazee ambao hawafurahii kutafuna kitu kibichi na baridi wakati wa Julai, niliandaa viazi. Sokoni kuna viazi mviringo vidogo ambavyo wauzaji huvitenga kwa sababu hakuna anayetaka kuvimenya, na vile vya Uporoto nilivyovipata nilipewa kwa bei ya kutupa. Nilivichemsha na maganda yake kwenye maji ya chumvi, nikavikata nusu, nikachonga kitako kila kimoja ili kisimame, nikachimba kidogo juu na kujaza kabichi iliyokatwa nyembamba sana, karoti iliyokwaruzwa, mtindi ule ule na pilipili manga. Nusu yake nilivipamba kwa bitruti, na hapo nina neno: bitruti iwekwe mwisho kabisa, kwa kipande kilichofutwa kikavu, vinginevyo kila kitu kilicho jirani yake kitakuwa cha waridi.

Kuhusu usafi sitaandika mengi, maana anayelisha watu mboga mbichi anajua kuwa maji ya kuoshea yawe yaliyochemshwa na kupoa, na kisu kilichokata nyama kisiguse tango. Ila nasisitiza kuwa saladi yenye mtindi isikae mezani zaidi ya saa mbili. Nilitoa sinia moja moja, kila iliyotangulia ilipokwisha, na wageni kwa kuona vitu vinaletwa kidogo kidogo walidhani ni vya bei mbaya, wakala kwa heshima.

Kusafirisha ndiko kulikohitaji akili kuliko kupika. Barabara ya kutoka kwetu hadi ukumbini ina mashimo ambayo dereva wa bajaji huyasalimia yote, na vikombe vya tango vilivyojazwa visingefika. Nilibeba kila kitu kikiwa mbalimbali: vikombe vitupu vikiwa vimepangwa kwenye masinia yaliyotandikwa kabichi iliyokatwa, ili visiteleze, ujazo ukiwa ndani ya mfuko wake, nyanya na hoho kwenye bakuli zenye mifuniko. Ukumbini niliwapanga mabinti watatu mezani, mmoja akijaza, wa pili akiweka nyanya na hoho, wa tatu akiweka jani na kufuta kingo za sinia, na tulianza waalikwa wa kwanza walipokuwa wanaandika majina mlangoni. Nilihesabu vipande vitatu kwa kila mgeni, viwili vya tango na kimoja cha kiazi. Vya tango viliisha kabla mshehereshaji hajamkaribisha bibi harusi mtarajiwa, kwa hiyo safari nyingine nitafanya vitatu vya tango.

Gharama yote haikufika laki moja, na humo nimehesabu mkaa na bajaji. Ndimu zilitoka uani kwa jirani wa mfuko wa keki, ambaye nilimpelekea sinia yake. Sambusa za mjumbe wetu zilikuwapo pia, na zilikuwa tamu kama kawaida, lakini alipokuja nyuma ya meza kutuangalia nilimwona ameshika kikombe cha tango kwa vidole viwili, akikigeuza chini juu kutafuta maji. Aliniuliza nimekikausha kwa kitu gani. Nilimweleza habari ya chumvi na kitambaa, naye akaniomba nimfanyie vya namna hiyo kwenye kipaimara cha mwanawe mwezi wa kumi na mbili. Nimekubali, kwa sharti kwamba kutakuwa na barafu na deli la kutosha, kwa kuwa Desemba stoo yangu haitanisaidia kitu, na mtindi nitalazimika kuuchujia kwenye friji yake.