"Huyu baba haigizi"

Jumapili usiku, baada ya kula, niliweka Ladri di biciclette, ile filamu ya Kiitaliano ya mwaka 1948 ya baba anayeibiwa baiskeli. Nilidhani Mama atakwenda kulala. Wapi! Alivuta kiti, akachukua ungo wake wa mchele wa kesho, akakaa anachambua.

Kiitaliano hakijui, na mimi nilichoka mapema kumtafsiria. Ila mke wa jamaa alipovua shuka kitandani zikawekwe rehani ili baiskeli, iliyokuwa rehani kabla ya kuibiwa, ikombolewe, mkono wa Mama ulisimama kwenye ungo. "Hata shuka?" Kisha karani akabeba furushi lao, akapanda nalo kwenye rafu, akazidi kupanda, na kumbe huko juu kumesheheni mafurushi ya watu wengine.

Baadaye kidogo akasema: "Huyu baba haigizi."

Nikamwambia amepatia. Lamberto Maggiorani, aliyecheza huyo baba, alikuwa mfanyakazi wa kiwandani. Mimi ninayemshangaa ni mwongozaji aliyemchagua. Vittorio De Sica, mzaliwa wa Sora, 1901, alisomea uhasibu, akaingia kwenye jukwaa mwaka 1923 na kundi la Tatiana Pavlova, na miaka ya 1930 alikuwa kipenzi cha Italia kwenye vichekesho vya mapenzi: suti imemkaa, tabasamu lipo, na kuimba anaimba. Kuongoza filamu alianza mwaka 1940, na vita vilipokwisha, yeye na mwandishi Cesare Zavattini wakaingia mitaani na kamera. Kwa ile ya baiskeli, mtayarishaji wa Marekani, David O. Selznick, alikuwa tayari kutoa fedha, mradi baba awe Cary Grant, staa wa Hollywood. De Sica akakataa. Na huyu ni mtu aliyekuwa mcheza kamari wa kutupwa, hela haikai mfukoni! Nadhani alikataa kwa sababu alizijua hila zote za staa mbele ya kamera. Miaka mingi zilikuwa ndiyo mkate wake.

Na aliendelea kuzila. Aliigiza kwenye filamu za wenzake, nzuri na za ovyo, akatafuta hela ya kutengenezea zake na ya kulipia madeni. Mwaka 1952 alimpa profesa wa chuo kikuu, Carlo Battisti, nafasi ya mzee mstaafu anayeshindwa kodi ya chumba. Filamu hiyo, Umberto D., haikuuza, na Giulio Andreotti, serikalini, akamlaumu kwamba anaichafua Italia. Kwangu hiyo ndiyo bora kuliko zote. Zilizokuja baadaye na mwigizaji Sophia Loren zilileta Oscar, nami huzitazama kwa raha tu. Alifariki mwaka 1974, karibu na Paris.

Mama hakuyajali hayo ya Oscar.

"Na huyo wa kiwandani, alipata filamu nyingine?"

Hapo ndipo nilipokuwa sitaki tufike. Nikamwambia alirudi kazini, na kiwanda kilipopunguza watu wakampunguza yeye, wakiamini kwamba sasa ana hela za sinema.

"Na bwana mkubwa aliyemtoa huko?"

"Alimpa nafasi ndogondogo."

"Ndogondogo," akasema Mama, akapeta ungo mara mbili, akaniuliza kama nimefunga mlango wa uani.