Siku bibi aliponiuliza tushuke saa ngapi

Mi kusoma saa nilijifunzia pwani ya Mikindani, sio darasani, na aliyenifundisha ni bibi yangu mzaa mama ambaye saa yenyewe alikuwa hajui kuisoma. Saivi nina watoto wangu na kila nikiona mtu mzima anamkatiza mtoto katikati ya swali, roho inaniuma kabisa, namkumbuka yule bibi.

Nilikuwa darasa la tatu na saa ilikuwa inanitesa. Unachorewa duara ubaoni, mshale mfupi uko kwenye 10 afu unaambiwa hiyo ni saa nne, ukiuliza mbona pameandikwa kumi unajibiwa angalia namba ya upande wa pili, kariri, basi. Nikawa nakariri leo kesho nimesahau. Mwezi wa sita shule zikafungwa nikapelekwa kwa bibi.

Bibi kazi yake ilikuwa kuchokoa pweza. Kwa ambaye hajakulia pwani, ni kwamba wanawake wanashuka mwambani kwa miguu wakati wa bamvua, zile siku za mwezi mwandamo na mwezi mpevu ambapo maji yanajaa sana na yanakupwa mbali sana, kwetu kule tofauti ya kujaa na kupwa inapita mita tatu, afu baada ya hapo yanakuja maji mafu, bahari inajaa kidogo inatoka kidogo, mwambani hakufikiki, watu wanashughulika na mashamba. Nilimsumbua mpaka akanichukua.

Siku ya kwanza tu mwambani akasimama akaniambia, "Mke mwenzangu, hapa nilipo pana pweza, mtafute." Nikaangalia kila tundu, sioni kitu. Hakunionyesha. Wenzake walikuwa wanasonga mbele wanamwita, yeye kasimama tu na chuma chake mkononi ananisubiri, na ujue pale kila dakika ni hela kwa sababu maji hayasubiri. Mwishoni nikaona kwenye mdomo wa tundu moja maganda ya kaa na chaza yamerundikana, masafi, hayajaota majani kama mengine. Nikayagusa. Bibi akacheka, "Eeh, mtu akila nyumbani kwake utamjua kwa jalala." Akaingiza chuma, pweza akatoka amebadilika rangi mpaka mwekundu, kanizungushia mkia wake mmoja kwenye kiganja, ile midomo yake midogo inanyonya ngozi. Toka siku ile hakuna tundu lilinipita.

Sasa kesho yake tukashuka tena nikamuuliza mbona leo tumechelewa kutoka nyumbani kuliko jana. Akasema maji nayo yamechelewa. Kwa nini? Hapo ndo palipo mzizi wa habari yote hii. Bibi alikuwa anashuka baharini tangu yuko msichana, alikuwa anajua kwa kuangalia mwezi tu kesho maji yatakuwaje, angeweza kunipa jibu la maneno mawili tukaendelea na safari. Akasema, "Yanachelewa kiasi gani? Angalia uniambie, mi mwenyewe sijawahi kuyapima." Na alikuwa anasema kweli, hajawahi kuyapima, alitaka kujua kweli.

Jioni akamwambia mjomba anipe ile saa yake ya mkononi iliyokatika mkanda. Mjomba akanielekeza ule mshale mrefu tu, dakika tano tano, mfupi akaniambia utauelewa mwenyewe ukizoea. Nikaifunga kwenye kipande cha kanga shingoni. Bibi akiwa mwambani akiona maji yanaanza kurudi ananipigia kelele "yamegeuka!" nami naangalia saa, tukifika nyumbani naandika kwa mkaa kwenye ukuta wa jiko. Babu alitaka kuupaka chokaa ule ukuta, ilikuwa karibu na sikukuu, bibi akakataa katakata, akasema ukuta huo una kazi ya mtu.

Maji mafu yakaingia. Bibi hashuki, sasa nani ataniambia yamegeuka? Nikamfuata kumlalamikia. Badala ya kunijibu akaniuliza, "Sasa utajuaje?" Nikakaa na hilo swali mpaka jua linazama. Nikachomeka kijiti cha mkoko kwenye maji ya magotini karibu na dau la mjomba, mwenyewe alikuwa anashona nyavu pembeni na sharti lilikuwa nisipite kile kijiti, nikafunga vitambaa vya kanga kuukuu juu mpaka chini, chekundu, cheusi, cheupe, chekundu tena. Vimawimbi vinakudanganya ukiangalia mara moja, lazima ukae. Maji yanaacha chekundu, yanaacha cheusi, yanakaa hapohapo muda mrefu, afu cheusi kinaanza kulowa. Hapo yamegeuka. Nakimbia kwenda kuandika.

Ukuta ukaanza kusema vitu. Siku za bamvua maji yalikuwa yanachelewa nusu saa na kidogo, siku za maji mafu yanachelewa saa nzima na zaidi. Nilimsomea bibi akasimama pale jikoni na mwiko mkononi akaniambia rudia. Nikarudia. Akaenda kumwita babu aje asikie.

Miaka mingi baadaye sekondari mwalimu wa jiografia alitueleza kwamba mwezi unaizunguka dunia kwa upande uleule dunia inaojizungusha, kwa hiyo dunia inahitaji kama saa 24 na dakika 50 ndo ikutane nao tena palepale, ndo maana maji yanachelewa kama dakika 50 kwa siku. Wenzangu waliandika 50 wakafunga daftari. Mi nilijua hiyo ni wastani tu, kwamba kuna siku ni chini ya hapo na kuna siku ni juu ya hapo, na nilinyoosha mkono nikasema. Nyerere kwenye Elimu ya Kujitegemea mwaka 1967 alilalamikia shule inayomfanya mtoto aamini kwamba maarifa yote ya maana yako vitabuni na kwa waliosoma, wazee wake hawana kitu. Nilipokuja kusoma maneno hayo sikuhitaji mtu anifafanulie.

Turudi Mikindani. Bamvua ya pili ilipofika, Ijumaa hakushuka mtu, mi nilikaa na kijiti changu. Jioni wale wanawake wenzake wamekaa uani, bibi akaniita mbele yao, "Mke mwenzangu, kesho tushuke saa ngapi?" Nikaenda ukutani. Leo yamegeuka saa nne kasoro dakika kumi, bamvua inasogea nusu saa na kidogo. Nikarudi nikasema kesho yatageuka saa nne na dakika ishirini na tano, tushuke saa tatu. Shoga yake mmoja akaguna, akasema tangu lini mtoto akapanga safari za baharini. Bibi akasema, "Mi nashuka kwa saa ya huyu. Anayetaka kutangulia atangulie."

Hakutangulia mtu. Saa tatu kamili tukashuka wote tunayafuata maji yanavyotoka. Bibi akaniweka kwenye jiwe lililoinuka akaniambia kazi yako leo sio pweza, ukiona yamegeuka tuite, na ile sio kazi ya kumpoza mtoto, mtu aliyeinamia tundu anaweza asijue maji yameshamzunguka nyuma. Nilishika ile saa kwa mikono miwili. Saa nne na dakika ishirini na mbili vile vijito kati ya mawe vikasimama, vikatulia, afu vikaanza kuja upande wangu. Nikapiga kelele yamegeuka mpaka sauti ikakauka. Wakainuka wote, yule shoga yake bibi pia, makapu kichwani.

Jioni yule mama akarudi na mwanae wa rika langu, akamwambia bibi naomba na huyu umuonyeshe huo ukuta. Bibi akasema mwenye ukuta yuko pale, mfuateni. Nikamwelezea yule mtoto, mkaa huu, siku hii, saa hii, akasikiliza mpaka mwisho afu akaniuliza, na usiku yanatoka saa ngapi? Sikuwa na jibu. Tukaenda wote wawili kwa bibi, na bibi hakusema usiku watoto wanalala, alimwita mjomba achukue tochi. Saa tano kasoro tulikuwa pwani na maji yalikuwa mbali kabisa, tukaanza kubishana yamegeuka hayajageuka kwa kelele mpaka mjomba akatuambia tupunguze sauti, watu wamelala.