Mlango Usio na Bawaba

Bagamoyo, Jumapili usiku.

Jioni ya leo nimesimama karibu saa nzima mbele ya mlango mmoja wa Mji Mkongwe. Nyumba yenyewe haina paa. Kuta za mawe ya matumbawe zimeliwa na chumvi, mpapai umeota pale palipokuwa ukumbi, na ubavuni kuna ufa ambao mbuzi anapita bila kuinama. Lakini mlango umesimama, umefungwa, na kufuli linaning'inia.

Nilikwenda kwa ajili ya Mzee Bawaba, fundi wa hadithi yangu. Ninamwandika tangu mwaka jana, na kila sura namsimulia mpwa wangu wa miaka tisa kabla sijaishikia kalamu. Bawaba ndiye aliyevumbua milango ya kutoka ulimwengu mmoja kwenda mwingine. Kwao wanamwimba harusini, na watoto wanaapa kwa patasi yake. Ametoboa malimwengu saba, na kila anapotoboa watu wanapiga vigelegele. Sura ya nane imenigomea tangu Ramadhani. Nilidhani kinachokosekana ni umbo la mlango wenyewe, ndiyo maana nikaenda kutazama nakshi.

Nakshi nimeziona: mayungiyungi, magamba ya samaki, mawimbi, na mnyororo unaoshuka kwenye miimo yote miwili hadi chini. Wako wanaosema mnyororo ule ni kinga ya nyumba. Wako wanaousoma vingine, na katika mji huu siwezi kuwalaumu.

Barazani, ng'ambo ya kichochoro, alikuwa ameketi babu mmoja, seremala wa zamani. Nikampa shikamoo, akaniuliza naandika nini, nikamweleza. Habari za malimwengu hazikumshangaza hata kidogo. Mtu aliyekua na visa vya majini na kisa cha Miiraji, safari ya Mtume kupanda mbinguni, mbingu saba na kila mbingu mlango wake, ataona kipi kigeni? Alichoshangaa ni jina.

“Bawaba? Mlango huo una bawaba, mjukuu wangu?”

Nikatazama. Hauna. Kila ubao una ncha juu na chini, zimechongwa kwenye mti uleule, moja imeingia kwenye tundu la kizingiti, nyingine kwenye boriti ya juu. Mlango unazunguka kwa mwili wake wenyewe. Miaka yote nimepita pale sijawahi kuliona hilo.

Kisha akanyanyuka, akavuka, akaweka kiganja juu ya mfaa, ule mti wa wima unaogawa mlango katikati. Mfaa, akasema, umepigiliwa kwenye ubao mmoja tu, na umelalia ukingo wa mwenzake. Mlango unafungukia ndani. Ukisukuma kwanza ubao wenye mfaa, mfaa unamkumba mwenzake na hauendi popote. Lazima ubao usio na mfaa utangulie.

“Kwa hiyo muulize fundi wako,” akasema, “mfaa anaupigilia upande gani?”

Nimerudi nyumbani na swali hilo kama mtu aliyebebeshwa gunia.

Kabla ya leo nilikuwa nahangaika na swali jingine: mlango wa Bawaba unabakije wazi? Nilisoma sana. Mwaka 1935 wanafizikia Einstein na Nathan Rosen walionyesha kwa hesabu kwamba sehemu mbili za anga zinaweza kuunganishwa na daraja. Mwaka 1962 Fuller na Wheeler wakaonyesha kwamba daraja hilo hujifunga upesi mno, hata mwanga hauwahi kupita. Mwaka 1988 Morris na Thorne wakasema ili njia kama hiyo ibaki wazi kwa msafiri, lazima ishikiliwe na kitu cha ajabu chenye nishati iliyo chini ya sifuri. Nilifurahi sana siku ile. Nikampa Bawaba kigingi cha namna hiyo, nikadhani nimemaliza kazi.

Lakini swali la babu siyo la nguvu. Ni la nani anaanza kufungua, na nani amemruhusu.

Mji huu wenyewe ulikuwa mlango. Njia ya misafara kutoka Ujiji, zaidi ya kilomita 1,000, ilikuja kuishia hapa, na ng'ambo ya maji ni Unguja. Pembe zilipita, watu walipita. Jina lake tunalieleza kwa namna mbili: mpagazi alifika akabwaga mzigo, moyo ukatulia, mateka alifika akabwaga moyo, kwa kuwa mbele ni bahari. Mlango ni mmoja. Nani aliupigilia mfaa ule, na upande gani? Nimeandika sura saba za kutoboa na kushangilia, na hata mara moja sikumpeleka msomaji upande wa pili, kwa wale walioamka wakakuta ukuta wao una tundu na mtu mwenye patasi amesimama ndani. Hilo limenichoma.

Baada ya Isha nikampigia dada yangu, akanipa mpwa wangu. Nikamwambia mlango wa nane una mfaa upande wa Bawaba. Hawezi kuufungua yeye kwanza. Lazima wa ndani waanze.

“Sasa watajuaje yuko nje?”

“Atapiga hodi.”

Akanyamaza. Hodi anaijua, hata kwa bibi yake haingii bila hodi. Nikamkumbusha kwamba katika Miiraji Jibrili mwenyewe aliomba kufunguliwa, na kila mbingu akaulizwa ni nani.

“Mara ngapi?”

“Tatu.”

“Na wasipoitika?”

“Anarudi.”

“Anko! Na amechonga miaka yote hiyo?”

Sikuwa na jibu. Nikamwambia alale, kesho shule.

Sasa ni saa sita kasoro, umeme umekatika, naandika kwa mwanga wa simu. Sura ya nane ina mistari minne. Bawaba ameweka patasi chini. Amepangusa vumbi la mti mikononi, akaita hodi ya kwanza, akasogea hatua moja nyuma kama tulivyofundishwa, ili mlango ukifunguka macho yake yasiingie ndani kabla yake. Ya pili ameita kwa sauti ndogo zaidi. Ya tatu bado sijaiandika.